Bitiruti Saba kutoka Lushoto

Kila Jumamosi Ruthi alikuwa wa kwanza kutoka nje. Alifagia uwanja, akajaza ndoo mbili bombani, akasugua masufuria ya jana, kisha akamwamsha mdogo wake Blessing kwa kumvuta shuka. Hivyo ndivyo siku ilivyoanza nyumbani kwao Makorora, jijini Tanga. Lakini tangu mama yao ajifungue, siku kumi zilizopita, kazi zilikuwa zimeongezeka. Kulikuwa na nepi za kufua, maji ya moto ya kumwogesha mtoto, na uji wa kumpikia mzazi. Ruthi alikuwa na umri wa miaka kumi na miwili, yuko darasa la sita, na kazi zote hizo alizishika mwenyewe. Akiulizwa kama ataiweza kazi fulani, alijibu neno moja tu, "Najua," naye akaendelea na shughuli zake.

Kazi hazikuwa shida. Shida ilikuwa kwamba Mama hali chakula. Uji aliuonja akausukuma pembeni. Wali na samaki aliugeuzia uso kabla haujatua mezani. Muuguzi wa kliniki alikuwa amesema waziwazi kwamba mzazi anayenyonyesha asipokula atakwisha nguvu, na kwamba juma lijalo angependa kumwona amepata nafuu. Baba yao, Eliudi, mpakuaji wa mizigo bandarini, siku hizi alikuwa akifika nyumbani anachungulia kwanza sahani ya mkewe, ndipo anasalimia watu.

Ijumaa jioni Baba alirudi na kapu kubwa begani. Lilikuwa limetoka Lushoto kwa basi, limetumwa na Bibi Benedikta, mama yake Mama. Yeye mwenyewe alishindwa kuja kumtunza binti yake kama desturi inavyotaka, kwa sababu goti lilikuwa limemvimba. Ndani ya kapu mlikuwa na kabichi mbili, karoti, viazi, vitunguu, na bitiruti saba zilizokuwa bado na udongo wa mlimani.

Mama aliposikia harufu ya udongo ule aliinuka kitandani kwa kiwiko.

"Baba Ruthi," alisema, "nipikieni supu ya nyumbani. Ile ya bitiruti na kabichi, nzito, ya mifupa. Hiyo nitakula. Naona kabisa nitakula."

Baba alifurahi mpaka akacheka peke yake. Kisha akakuna kichwa. "Mimi siijui. Na kesho nina zamu. Tumpigie Bibi simu atueleze?"

"Hakuna haja, Baba," Ruthi akadakia. "Najua. Bibi alinifundisha Desemba."

"Una hakika?"

"Najua, Baba!"

Ukweli ni kwamba Desemba, walipokwenda Lushoto kwa Krismasi, Bibi alimwita Ruthi jikoni mara tatu. "Njoo utazame mwanangu, hii ndiyo supu yetu." Ruthi alikuwa amekaa kizingitini na simu ya binamu yake, anacheza mchezo wa kuvunja matofali, na mara zote tatu alijibu bila kuinua macho, "Najua, Bibi." Alichokijua ni kuila. Alikula bakuli mbili.

Basi asubuhi hiyo ya Jumamosi Baba aliacha kilo moja ya mifupa ya ng'ombe, akamshika Ruthi bega, akasema, "Mama yako anakutegemea," akaenda zake bandarini.

Gesi ilikuwa imeisha tangu Alhamisi, na mkaa ulikuwa umenyeshewa. Ruthi alipuliza jiko mpaka machozi yakamtiririka. Moshi ulimfuata kila alikohamia, kama vile umetumwa. Moto ulipokubali, akabandika mifupa na chumvi na kitunguu saumu. Hapo alikuwa na hakika, kwani supu ya mifupa hakuna asiyeijua. Saa nne mchuzi wa mifupa ulikuwa tayari, mzuri, unanukia. Akaumimina kwenye sufuria kubwa na kuuweka kando.

Kisha zikaja bitiruti. Alizitazama zile saba kwenye ungo, nazo zikamtazama.

Alichukua tatu akazimenya. Zilikuwa ngumu kama mawe, na kisu kilikuwa butu. Ya kwanza ilimteleza ikaenda kugonga ukuta, ikaacha doa jekundu. Ya pili ilimkata kidole kidogo, na hata hakujua ipi ni damu na upi ni utomvu wa bitiruti. Alipomaliza kuzikata vipande, mikono yake ilikuwa myekundu mpaka viwikoni, na gauni lake pia.

"Dada, umechinja nini?" Blessing aliuliza kutoka mlangoni. Alikuwa na umri wa miaka minane na ulimi wa mtu mzima.

"Nenda kafue nepi."

"Nimefua. Dada, na uso una doa. Unafanana na jini."

"Blessing!"

Ruthi alivichemsha vile vipande kwa maji mengi. Baada ya muda maji yaligeuka mekundu sana, yakatoa harufu ya udongo, kama shamba baada ya mvua. Ruthi akakunja pua. Hapo akakumbuka mchunga. Kila mtu Tanga anajua kwamba mboga ile chungu huchemshwa kwanza, maji yake yakamwagwa, ndipo ikapikwa kwa nazi. Majirani zao wote walifanya hivyo, naye aliwaona tangu utotoni. Akashika sufuria kwa matambara mawili akaelekea mferejini.

"Mbona unamwaga?" Blessing alishtuka.

"Hujui kitu wewe. Mboga yenye harufu kali lazima imwagwe maji ya kwanza. Mchunga huuoni unavyopikwa?"

"Lakini hii si mchunga."

"Najua si mchunga!"

Maji mekundu yakashuka mferejini kwa kishindo. Ruthi akatia maji mapya, akachemsha tena, na kwa kuwa bado yalikuwa mekundu akayamwaga na hayo. Ndipo akamimina sehemu ya mchuzi wa mifupa, akatia viazi, karoti na nusu kabichi, vyote kwa pamoja, akafunika. Alipofunua baada ya saa nzima alikuta kitu ambacho hakukitarajia. Mchuzi ulikuwa na rangi ya maji yaliyosuuziwa nguo nyekundu. Kabichi ilikuwa imerojeka kama karatasi iliyolowa. Vipande vya bitiruti vilikuwa vimepauka, na alipokitafuna kimoja hakikuwa na utamu wala uchungu. Hakikuwa na kitu.

Aliongeza chumvi, kisha pilipili manga, kisha tena chumvi.

"Supu ya nepi," Blessing alisema kwa sauti ndogo, akakimbia kabla mwiko haujamfikia.

Ndani, Mama aliita, "Ruthi, imekaribia mwanangu? Leo njaa nimeisikia kabisa."

"Karibu, Mama!"

Ruthi alitamani kulia kwa hasira. Alizikasirikia bitiruti, akaukasirikia mkaa, akamkasirikia Bibi kwa kuwa na goti. Akaanza upya. Alichukua bitiruti nyingine mbili, akazimenya na kuzikata ndogondogo, na safari hii hakumwaga kitu. Lakini alitia kila kitu mara moja juu ya moto mkali ili ziive haraka, kisha akaenda kusugua doa ukutani kabla Baba hajaliona. Doa halikutoka. Kilichotoka ni harufu. Alipogeuka, moshi ulikuwa ukipanda kutoka kwenye sufuria, na chini mlikuwa mmeshika weusi mzito kama lami. Bitiruti za juu zilikuwa bado ngumu.

Akaketi juu ya kigoda, mikono kichwani. Simu ya Mama ilikuwa dirishani, karibu tu, nayo ilikuwa na namba ya Bibi. Ingekuwa kazi ya dakika mbili. Lakini angesema nini? Kwamba Desemba alidanganya? Kwamba jana pia alimdanganya Baba?

Badala ya simu alichukua sarafu kwenye kikombe cha matumizi, akavuka barabara hadi dukani kwa Bi Gulzar.

Bi Gulzar alikuwa mama wa Kihindi aliyezaliwa Makorora hiyohiyo, na Kiswahili chake kilikuwa cha Tanga kuliko cha watu wengi. Aliuza kila kitu, kuanzia sindano mpaka mafuta ya taa.

"Shikamoo, Bi Gulzar."

"Marahaba, mwanangu. Ala! Umefanyaje mikono?"

"Nilikuwa napika. Naomba rangi nyekundu ya chakula."

"Rangi? Ya kutia wapi?"

"Kwenye... biriani."

Bi Gulzar alimtazama juu ya miwani. "Biriani kwenu leo? Mama yako si juzi tu nimeambiwa hali hata uji?"

"Ni ya Baba," Ruthi akasema, na masikio yakamwaka moto.

"Haya. Usizidishe, mama. Rangi haina ladha, inapendeza macho tu."

Ruthi alirudi nyumbani mbio. Aliirudia ile supu ya kwanza iliyopauka, akatia rangi kidogo, akakoroga. Supu ikawa nyekundu, nyekundu kweli, nzuri kutazama. Akapakua bakuli, akaweka kipande cha ndimu kando yake, akaingia chumbani.

Mama alikuwa ameketi tayari, amejifunga kanga safi, mtoto amelala ubavuni. Alipoona rangi ile uso wake wote ulifunguka. "Mungu wangu," alisema. "Kama ya Mama kabisa." Akachota kijiko, akafumba macho, akameza.

Akachota cha pili. Akakishusha kijiko taratibu kando ya bakuli.

"Umeipika mwenyewe?"

"Ndiyo, Mama."

"Kama Bibi alivyokufundisha?"

Huo ulikuwa mlango uliofunguliwa wazi. Ruthi aliuona, na hakupita.

"Vilevile, Mama."

Mama alitikisa kichwa polepole, na machozi yakaanza kumdondoka. "Basi ni mimi," alisema. "Ni mdomo wangu. Nilidhani ni vyakula vya hapa tu vinavyonikataa. Kama hata supu ya mama yangu siisikii ladha yake, basi nimeharibika mwilini. Niondolee, Ruthi. Msinipikie tena kitu. Baba yako akirudi anipeleke hospitali, na huyu mtoto tumtafutie maziwa ya kopo." Akalala, akaugeukia ukuta.

Ruthi alisimama na bakuli mikononi. Alikuwa ametegemea kugombezwa kwamba supu ni mbaya. Hilo angelivumilia. Hakutegemea kwamba Mama angeamini supu na kutoamini ulimi wake mwenyewe. Mtoto akaamka, akaanza kulia kwa kile kilio chembamba cha watoto wachanga, na Mama hakugeuka upesi kama kawaida yake.

"Mama," Ruthi alisema. "Mdomo wako ni mzima."

Mama alijivutia kanga begani, macho bado ukutani.

"Supu ndiyo mbovu. Haina ladha kweli. Nilimwaga maji ya bitiruti kama ya mchunga, mara mbili. Halafu nikaunguza sufuria nyingine. Hii nyekundu ni rangi ya dukani. Bibi hakunifundisha. Aliniita, nikamwambia najua, na nilikuwa nacheza na simu. Sijui kuipika, Mama. Sijui hata kidogo."

Mama aligeuka. Alimtazama bintiye kuanzia nywele zenye majivu mpaka viwiko vyekundu. Ruthi alingoja tabasamu, lakini halikuja.

"Umeniacha nilie," Mama alisema. "Ulisimama hapo, ukaniona nalia, na jibu unalo."

"Ndiyo, Mama. Nisamehe."

"Zimebaki bitiruti ngapi?"

"Mbili."

"Leta simu yangu."

Ruthi aliileta. Mama hakuipokea. "Piga wewe," alisema, huku akimweka mtoto kifuani. "Na uweke sauti ya juu nisikie."

Simu iliita mara nne.

"Shikamoo, Bibi."

"Marahaba, mwanangu! Haya niambie, mama yako amekula?" Sauti ya Bibi Benedikta ilijaa chumba chote. "Nimewaambia akina mama wenzangu wa kanisani, sina wasiwasi, yule mjukuu wangu wa Tanga supu anaijua kunishinda mimi!"

Ruthi alifumba macho. Maneno yaliyofuata yalikuwa mazito kuliko ndoo mbili za maji.

"Hajala, Bibi. Sijui kuipika. Desemba nilikudanganya. Naomba unifundishe."

Jogoo aliwika mahali fulani kule Lushoto.

"Umeziharibu ngapi?"

"Tano."

"Tano!" Bibi alipiga ukelele. "Nimezichimba kwa goti hili! Ulizifanyaje?"

"Nilizimenya, nikazikata, nikachemsha, nikamwaga maji."

"Ukamwaga maji! Mtoto huyu jamani! Ungemwaga na mifupa basi!" Bibi alihema. Aliposema tena sauti ilikuwa imeshuka. "Chukua kalamu. Sitaki kusikia najua hata mara moja. Bitiruti haimenywi mbichi. Ioshe udongo tu, uiache na mkia wake na kishina cha majani, uichemshe nzima kwenye maji kidogo. Ukiikata, utamu na rangi vyote vinakimbilia majini. Ikilainika, itie kwenye maji baridi, ganda litavuka lenyewe kwa vidole. Umeandika?"

"Nimeandika. Bibi, nitajuaje kuwa imelainika?"

"Swali zuri hilo. Ichome na ncha ya kisu. Ikiingia bila ubishi, imeiva."

"Na kabichi naitia lini?"

"Mwishoni, viazi vikishaiva. Usiiue. Dakika chache tu, halafu bitiruti zako, halafu ndimu. Ndimu ndiyo inayoshika rangi, si madudu ya dukani."

"Umejuaje ya dukani?"

"Mama yako ananitumia ujumbe hapa wakati tunaongea."

Ruthi aligeuka. Mama alikuwa ameshika simu ya pili, ile ndogo ya Baba aliyoiacha nyumbani kwenye chaji, na kwa mara ya kwanza siku hiyo pembe ya mdomo wake ilikuwa imeinuka.

Kupika hakukuwa rahisi hata hivyo. Mkaa ulisumbua vilevile. Bitiruti mbili zilichukua karibu saa nzima, na Ruthi alizichoma kwa ncha ya kisu mara tano na mara zote zilibisha. Blessing alipewa kazi ya kupepea jiko, akalalamika mkono unamuuma, akaulizwa kama nepi ni bora, akapepea. Ruthi alikuwa amechoka, gauni limeharibika, na tumbo linamuuma kwa njaa. Mara mbili alitaka kuzitoa hivyohivyo. Mara mbili alisoma daftari lake akangoja. Mara ya sita kisu kiliingia. Maganda yalivuka kwa vidole kama Bibi alivyosema, na ndani bitiruti ziling'aa kama zimepakwa mafuta.

Mchuzi wa mifupa uliobaki ulitosha bakuli tatu. Akatia viazi na karoti, kisha kabichi, kisha bitiruti alizozikata vipande vinene pamoja na maji yake machache, na mwisho ndimu. Hakuionja kwa kijiko kimoja akasema imeiva. Alimwita Blessing.

"Onja. Sema kweli."

Blessing alionja. Akatafakari kama hakimu. "Chumvi kidogo bado."

Ruthi akaongeza chumvi.

Baba aliporudi alasiri alimkuta mkewe ameketi kitandani na bakuli mapajani. Aliangalia ukuta wenye doa, mikono ya binti yake, na sufuria iliyoungua nje, akafungua mdomo kuuliza.

"Keti kwanza," Mama alimwambia. "Tuna mazungumzo na binti yako."

Akamsimulia yote, bila kuficha kitu. Baba alisikiliza, uso umekaza. Kisha akavua kofia yake ya kazini akaiweka gotini.

"Ruthi," alisema, "wewe unajua kwamba mimi nilikulia kambini, kwenye shamba la mkonge upande wa Maramba, na shule sikuimaliza. Lakini hujui kwamba mpaka nilipofika miaka thelathini nilikuwa siwezi kusoma. Nilishika gazeti mbele za watu, nikageuza kurasa, nikatikisa kichwa kama mwalimu. Wenzangu wakiniuliza habari, nasema najua. Miaka yote ile hakuna aliyenifundisha, kwa sababu hakuna aliyejua kuwa sijui. Siku moja nilimwambia mama yako, 'Mke wangu, mimi herufi sizifahamu.' Ilinichoma. Lakini juma lilelile niliingia darasa la jioni, na kabla mwaka haujaisha nikaandika barua yangu ya kwanza kwa mkono wangu."

Ruthi alimtazama baba yake. Hakuwahi kulisikia hilo.

"Kutojua si aibu," Baba aliendelea. "Kila mtu ameanzia hapo. Ubaya ni kufunika kutojua kwa uongo, kwa sababu anayeumia mara nyingi si wewe. Leo nusura mama yako aache kumnyonyesha mtoto kwa kuamini kwamba mwili wake umeharibika. Ungeuliza jana, angekula asubuhi. Umeelewa?"

"Nimeelewa, Baba. Lakini ile sufuria iliyoungua, inasuguliwa na nini itoke?"

"Majivu na mchanga, na uvumilivu. Nitakuonyesha."

Mama hakuwa akisikiliza tena. Alikuwa ameinamisha bakuli, anakwangua chini kwa kijiko. Kisha akamnyooshea Ruthi bakuli tupu.

"Ongeza," alisema. "Na kabichi usinipunjie."